Muwa, Leseni na Mtambo wa Kifaru

Anayesafiri kwa barabara kutoka Same kwenda Moshi huiacha milima ya Upare mkono wake wa kulia karibu safari nzima. Akishapita Lembeni, Kisangara na mji wa Mwanga, bado hajaingia Himo, anafika kwenye uwanda wa Kifaru na Kileo, jina ambalo halikosi kumchekesha mgeni. Eneo hilo ni wilaya ya Mwanga, iliyozaliwa mwaka 1979 wilaya ya zamani ya Pare ilipogawanywa katika sehemu mbili, nusu ya pili ikabaki kuwa Same. Hapo Kifaru kipo kiwanda cha Kilimanjaro Biochem. Kazi yake ni kuchachusha molasi, ule uji mweusi unaobaki sukari ikishatolewa kwenye juisi ya muwa, na kuupitisha kwenye minara ya mvuke mpaka itoke spiriti.

Spiriti ya viwandani haina rangi na karibu haina harufu, na ukali wake hufika asilimia 96. Haiuzwi baa. Hupakiwa kwenda kwa wenye viwanda vya kujaza chupa, nao huipunguza kwa maji na kuitia ladha, ikawa jini, vodka au konyagi. Nchini India, ambako kinywaji kinachoitwa wiski hunywewa kwa wingi kuliko nchi nyingine yoyote, sehemu kubwa ya wiski hiyo msingi wake ni spiriti ya molasi. Ulaya hukataa kuiita hivyo, kwa kuwa kwa sheria zao wiski ni ya nafaka, tena iliyolala kwenye pipa la mbao.

Kwa hiyo muwa na kileo ni ndugu wa siku nyingi, na chini ya milima hii undugu huo ni mkongwe kuliko kiwanda chochote. Huko juu Usangi, Ugweno, Vudee, Chome na Mamba, miwa ilipandwa kandokando ya mifereji na ndiva, yale mabwawa madogo ya kukusanyia maji ya usiku ili yafunguliwe asubuhi kwa zamu. Muwa haukupandwa kwa ajili ya sukari. Ulipandwa kwa ajili ya kutafunwa, na kwa dengelua.

Dengelua haina siri kubwa, ila inataka mkono uliozoea. Miwa humenywa, hukatwa vipande vifupi na kutwangwa kwenye kinu mpaka nyuzi zilegee, kisha hukamuliwa. Juisi hutiwa kwenye chungu au kibuyu pamoja na vipande vya tunda la mwegea vilivyokaushwa, na chombo huwekwa mahali penye joto karibu na meko. Mwegea ndio hamira yenyewe: vipande hivyo vikishatumika huanikwa na kutumika tena, kwa maana vimekwisha kubeba chachu ya pombe iliyotangulia. Baada ya siku moja au mbili pombe imeiva. Siku chache baadaye imekuwa siki.

Hilo la kuwahi kuharibika lina uzito wake katika historia. Pombe isiyokaa wiki haisafiri, na isiyosafiri haimtajirishi mtu. Dengelua ilinywewa pale ilipopikwa: kwenye mahari, kwenye kazi ya kuitana shambani, na katika mpungi, vile vijisitu vya ukoo ambamo wazee waliwatolea sadaka waliotangulia. Ilikuwa uchumi, naam, lakini wa heshima na deni la kijamii, usioingia kwenye daftari la mtoza kodi.

Wageni waliipokea kwa mashaka. Wamisionari wa Kilutheri wa Leipzig walianza kazi Upare Kaskazini, huko Shigatini, mwaka 1900. Mwaka 1903 Wajerumani wa Kanisa la Waadventista Wasabato wakafungua kituo Mamba, Upare Kusini, na kutoka hapo imani yao ikaenea nchi nzima. Kwao pombe ni mwiko kabisa. Uislamu nao ulipata waumini wengi, hasa Usangi na Ugweno. Matokeo yake ni kwamba wilaya hizi mbili, zenye historia ndefu ya pombe ya miwa, ni pia miongoni mwa sehemu za Tanzania ambako hoja ya kuacha pombe ilisikika mapema na kwa sauti kubwa.

Reli ya kutoka Tanga ilifika Moshi mwaka 1911. Uwandani, kandokando ya reli, yakafunguliwa mashamba ya mkonge, na mkonge ulileta vibarua wa mshahara. Mtu mwenye fedha mfukoni kila mwisho wa mwezi, asiye na shamba wala mke karibu, ndiye mteja ambaye pombe ya kuuza ilikuwa ikimngoja. Wapikaji wengi walikuwa wanawake. Kwa mjane au mama aliyeachwa, pipa la pombe lilikuwa ada ya shule na chumvi ya mwezi, na serikali ya kikoloni ilijua hivyo, ndiyo maana ilianza kuuza vibali. Sheria ya mwaka 1926 ya mamlaka za wenyeji iliwapa watemi na wazee wa mabaraza nguvu ya kudhibiti upikaji na uuzaji wa vileo katika maeneo yao.

Kuhusu pombe kali, mipaka ilikuwa imekwisha kuchorwa mbali sana na Upare. Mkataba wa Brussels wa 1890 na ule wa Saint-Germain-en-Laye wa 1919 ilibana uingizaji wa pombe kali katika sehemu kubwa ya Afrika, na ule wa pili ukapiga marufuku mitambo ya kuitengeneza. Wakubwa wa Ulaya walisema wanawalinda Waafrika. Lakini ulinzi huo ulikuwa na rangi: chupa ya wiski ilikuwepo kwenye klabu ya wazungu, na Mwafrika aliyekutwa nayo alikuwa mhalifu. Katika Afrika Mashariki makatazo hayo yaliondolewa miaka ya 1950 tu, uhuru ukiwa unabisha hodi. Ndiyo maana kwa wazee wengi wa miaka ya 1960 glasi ya wiski ilikuwa na ladha ya cheo kuliko ya shayiri.

Hapa inafaa kukumbusha kwamba Wapare hawakuwa watu wa kukubali kila kodi waliyoletewa. Mwaka 1945 maelfu ya wanaume waliteremka hadi Same kupinga mbiru, kodi iliyopimwa kwa kukisia mali ya kila kaya, na wakakaa hapo wakikataa kurudi nyumbani. Baadaye wanawake nao wakatoka Usangi kumkabili mkuu wa wilaya. Mwanahistoria Isaria Kimambo, mwenyewe mwana wa Upare, ameiandikia mbiru kitabu kizima. Waandamanaji hawakukataa kulipa. Walikataa kukadiriwa bila kuulizwa, na hatimaye mbiru ikafutwa.

Chini ya pua za watoza kodi hao hao, kinywaji cha pili kilikuwa kikijengeka. Wengine hukiita gongo, wengine moshi, piwa au machozi ya simba. Mtambo wake ni wa kuokoteza: pipa la juisi iliyochacha, iwe ya miwa, ndizi, mapapai au sukari guru, mfuniko uliozibwa kwa udongo au unga uliokandwa, na bomba linalotoka juu ya pipa na kupita ndani ya maji baridi. Mvuke wa kileo hutangulia mvuke wa maji, hupoa bombani, na kudondoka tone kwa tone kwenye chupa. Maji baridi lazima yawe ya kutiririka, kwa hiyo mpikaji huenda mtoni, bondeni, ambako pia jicho la polisi halifiki upesi. Na tofauti na dengelua, gongo haliozi. Likitiwa kwenye dumu linafika Moshi, Arusha hata Tanga. Hapo ndipo kileo cha kijiji kilipogeuka bidhaa ya biashara, na papo hapo kikawa kosa la jinai.

Kisa cha Uskoti kinaanzia mahali hapo hapo. Mwanzoni mwa karne ya 19 wakulima wa milimani huko walipika wiski kwa siri kwenye mabonde yenye vijito, kwa mitambo midogo ya shaba, na kuisafirisha usiku kwa farasi. Waliokuwa wakiiagiza walikuwa pamoja na makabaila wenye mashamba na mahakimu waliotakiwa kuwahukumu. Kodi ilikuwa kubwa, leseni ngumu, na msako haukufua dafu. Mwaka 1823 bunge la London likabadili mbinu: ada ya leseni ikawa pauni 10 kwa mwaka, na ushuru wa kila galoni ukapunguzwa sana. Mwaka uliofuata George Smith, mkulima mpangaji wa bonde la Glenlivet, alikata leseni. Majirani zake waliobaki kwenye magendo walimwona msaliti na kutishia kukichoma kiwanda chake, naye kwa muda akawa anatembea na bastola mbili kiunoni.

Kilichofuata kilihitaji utulivu kuliko ufundi. Aeneas Coffey, aliyewahi kuwa ofisa wa ushuru nchini Ireland, alisajili mwaka 1830 mnara wa kukenekea unaofanya kazi bila kusimama, baba wa minara ya leo ya Kifaru. John Walker hakuwa mpikaji. Alifungua duka la vyakula mjini Kilmarnock mwaka 1820, na jina lake likaja kutajirika kwa kuchanganya na kuuza vilivyopikwa na wengine. Kisha mdudu aliposhambulia mizabibu ya Ufaransa katika nusu ya pili ya karne hiyo, brandi ikaadimika, na wiski ikakalia kiti kilichoachwa wazi. Na juu ya yote, pipa. Sheria ya 1915 ilizuia kuuza wiski changa, na muda wa chini uliokuja kubaki ni miaka 3.

Miaka 3 ni kitu kikubwa. Mwenye leseni anaweza kuliacha pipa ghalani miaka 12, benki ikamkopesha kwa dhamana yake, na akilala anajua asubuhi atalikuta. Mpikaji wa gongo anauza leo jioni, kwa bei ya leo, kabla ya msako wa kesho. Kwa mtazamo huo wiski ni gongo la shayiri lililopewa muda na sheria. Ladha ya mwaloni ni faida ya juu tu. Leo Uskoti ina mapipa yapatayo milioni 22 yaliyolala maghalani. Mwaka 2024 iliuza nje wiski ya pauni bilioni 5.4, nayo ilikuwa imeshuka kutoka bilioni 5.6 za mwaka 2023, na kwa takwimu za chama cha watengenezaji ajira zipatazo 41,000 za nchi ile ndogo zinategemea biashara hiyo.

Serikali mpya za Afrika Mashariki hazikulifumbia macho somo hilo. Uganda ilipitisha mwaka 1965 sheria ya enguli, yaani gongo la huko: mpikaji awe na leseni, na enguli yake ichukuliwe na kiwanda kusafishwa. Kutoka hapo ikatoka Uganda Waragi, chupa inayojulikana hadi Ulaya. Kenya iliipiga marufuku chang'aa mwaka 1980, na miaka 30 baadaye, mwaka 2010, ikairuhusu kwa masharti ya chupa, lebo na viwango. Tanzania ilitunga mwaka 1966 sheria yenye jina la kinywaji chenyewe, Sheria ya Moshi, iliyotaka leseni kwa anayetengeneza. Kwenye karatasi mlango ulikuwa wazi. Kijijini mlango huo haukuonekana. Kilichoonekana ni kifungu cha adhabu.

Nafasi iliyobaki ikachukuliwa na konyagi ya Tanzania Distilleries ya Dar es Salaam, inayopikwa tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970. Ni kinywaji cha asilimia 35 ambacho chupa yake kubwa kila baa inaijua kwa jina la mzinga. Kampuni hiyo ni tanzu ya kampuni ya bia ya TBL, na tangu 2016 TBL nayo imo mikononi mwa AB InBev, mtengenezaji mkubwa kuliko wote wa bia duniani. Hazina haikulala. Kila Juni waziri wa fedha anaposoma bajeti, bia, sigara na vinywaji vikali havikosekani kwenye orodha ya ushuru. Cleopa Msuya, mzaliwa wa Usangi aliyewahi kushika wizara za Fedha na Viwanda kabla na baada ya uwaziri mkuu wake wa kwanza, aliijua desturi hiyo kwa pande zote mbili za meza. Viroba, vile vipakiti vya plastiki vilivyofikisha pombe kali hadi mikononi mwa wanafunzi na bodaboda, vilipigwa marufuku kuanzia tarehe 1 Machi 2017. Mwanzoni mwa 2019 chupa zikaanza kubandikwa stempu za kielektroniki ili mamlaka ya mapato, TRA, izihesabu moja moja.

Turudi Kifaru. Malighafi inayofaa mtambo kama ule iko karibu: kusini mwa Moshi, Arusha Chini, lipo shamba la miwa la TPC lililoanzishwa na Wadenmarki wa kampuni ya A.P. Møller katika miaka ya 1930, likataifishwa, na mwaka 2000 likabinafsishwa kwa wawekezaji wa Mauritius huku serikali ikibaki na asilimia 25. Katika misimu mizuri TPC hutoa zaidi ya tani 100,000 za sukari, na kila tani ya miwa inayosagwa huacha molasi kama kilo 40. Zamani molasi ilikuwa kero ya kutafutiwa pa kumwaga, au chakula cha ng'ombe. Sasa tani moja yake inatoa spiriti kama lita 250, na imekuwa bidhaa ya kugombaniwa.

Muwa wa Ugweno na Usangi haumo kwenye hesabu hiyo. Mtambo unataka molasi, molasi inatoka kwenye kiwanda cha sukari, na mlimani hakuna kiwanda cha sukari. Mkulima wa huko aliye na miwa kando ya mfereji ana njia tatu: auze ya kutafuna barabarani, apike dengelua ya kunywewa wiki hiyo hiyo, au ashuke nayo bondeni usiku. Leseni ya kumpa njia ya nne ilifikiriwa mwaka 1966, na wabunge wa Mwanga na Same wana sababu ya kuiulizia upya bungeni, kwa maana anayekamatwa na dumu la gongo hadi sasa anafikishwa mahakamani kwa sheria ile ile ya Moshi.