Bandari Isiyo na Maji: Masimulizi ya Kuwasili ya Wasomali wa Isiolo

Historia ya wahamiaji huandikwa mara nyingi kuanzia gatini. Huko Marekani, kituo cha kisiwa cha Ellis, kilichofanya kazi kati ya 1892 na 1954, kimekuwa kielelezo chake: meli, foleni, daktari, karani, na jina linaloandikwa daftarini. Makala haya yanachunguza jinsi kielelezo hicho kinavyosaidia, na pale kinapokwama, katika kuyasoma masimulizi ya Wasomali wa Isiolo, hasa Waisaaq na Waharti. Isiolo ni mji wa nchi kavu ulio mamia ya kilomita kutoka pwani. Hata hivyo, sehemu kubwa ya wakazi wake hawa huanzisha habari za wazee wao baharini.

Kiini cha kihistoria cha masimulizi hayo hakina shaka. Waingereza waliitwaa Aden mwaka 1839, na tangu hapo watu wa Berbera na miji jirani walizoea kuvuka ghuba kwenda kutafuta kazi huko. Kutoka Aden waliajiriwa kuwa mabaharia, askari, walinzi wa misafara na wabeba bunduki wa wawindaji, na wengi wao wakashukia Mombasa. Si wote waliopita majini: msafara wa Delamere uliotoka Berbera mwishoni mwa 1896 ulifika kaskazini mwa Kenya ya leo kwa kukata nchi ya Wahabeshi. Wengine, hususan Waharti, walitoka Kismayu. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, serikali ya kikoloni iliwapa askari wastaafu wa jamii hizi mahali pa kukaa na kulisha mifugo Isiolo. Hapa pana kinaya kisichopaswa kupuuzwa. Kismayu na Jubaland yote zilikuwa chini ya Uingereza hadi zilipokabidhiwa Italia mwaka 1925, hivyo kuna waliogeuka watu wa nchi ya nje bila kuinua mguu.

Swali la nani ni mgeni lilikuwa na uzito wa kila siku. Mtu aliyehesabiwa "mwenyeji" katika Kenya ya kikoloni alibebeshwa kipande, alifungiwa ndani ya mipaka ya kabila lake, na alihukumiwa kwa taratibu zake mwenyewe. Sheria ya 1919 iliruhusu baadhi ya Wasomali wasihesabiwe wenyeji kwa makusudi ya baadhi ya sheria. Upendeleo huo haukuwa kamili, na ulibaki mikononi mwa maofisa. Ndipo yalipotokea malalamiko ya kodi ya miaka ya 1936 hadi 1941, ambayo Turton aliyaeleza kwa kina mwaka 1974. Waisaaq walipinga kuwekwa daraja moja chini ya Waasia, wakadai walipishwe kiwango cha Waasia, ambacho kilikuwa kikubwa zaidi. Ni nadra kuona raia wakipigania kuongezewa kodi! Katika maombi yao walieleza kuwa babu yao, Sheikh Isaaq, alitoka Arabuni, na kwamba wao wenyewe walikuwa watu wa Aden na Berbera.

Mhakiki wa fasihi ya pwani hapaswi kushangazwa na hoja hiyo. Masimulizi ya Kilwa kuhusu merikebu saba kutoka Shiraz yamesomwa kwa muda mrefu kama orodha ya abiria, hadi wanahistoria walipoanza kuyachukulia kuwa madai ya hadhi yaliyovishwa vazi la safari. Thenashara Taifa wa Mombasa nao walipambana na dola ya kikoloni ili wasiitwe wenyeji. Tofauti ni kwamba masimulizi ya Shirazi yalilelewa na washairi na wazee mijini, ilhali yale ya Waisaaq yalichukua umbo la barua ya maombi, yenye hadhira moja tu: ofisa mwenye muhuri. Kwa maana hiyo, utanzu huu ulizaliwa ofisini, na bahari iliingizwa ndani yake kwa sababu ofisa aliitambua bahari.

Ni katika miaka hiyohiyo Isiolo yenyewe ilipochukua sura ya kituo cha forodha. Sheria ya Wilaya Maalumu ya 1934 ilizidi kuibana kaskazini, ambayo tayari ilikuwa eneo lililofungwa. Hakuna aliyeruhusiwa kuingia au kutoka bila hati. Mifugo ya wafanyabiashara iliwekwa karantini Isiolo kabla ya kushuka kuelekea masoko ya kusini, na mwenye ng'ombe alisubiri pamoja na ng'ombe wake. Mwaka 1937 maelfu ya wakimbizi kutoka Ethiopia, waliovuka mpaka baada ya uvamizi wa Italia, waliwekwa katika kambi Isiolo kabla ya kuhamishiwa Taveta. Foleni, daktari na daftari la Ellis vilikuwepo hapa, katika vumbi. Kielelezo cha gati kinakwama mahali pamoja tu, lakini ni mahali pazito: aliyepita Ellis aliweza kusema siku aliyopita. Msomali wa Isiolo alipimwa upya kila aliposafiri na kila alipoomba hati.

Mwaka huohuo wa 1937 Karen Blixen alichapisha kumbukumbu zake za shamba la Ngong, ambamo Farah Aden, Msomali wa Habr Yunis, ni mhusika mkubwa. Farah wa Blixen ana heshima, ukimya na uaminifu, lakini hana kodi wala hati. Msomaji anayeweka kitabu hicho kando ya barua za Waisaaq huona kilichoachwa nje.

Uhuru ulibadili msomaji wa simulizi. Baada ya vita vya shifta, vilivyopiganwa kati ya 1963 na 1967, kutoka kwingine kuligeuka kuwa shtaka. Mnamo Novemba 1989 serikali ya Kenya iliagiza Wasomali wote watu wazima wasajiliwe upya. Walioonekana kuwa raia walipewa kadi ya waridi, ambayo Wakenya wengine hawakuhitajika kuwa nayo. Maneno yaleyale, kwamba mzee wetu alishuka melini Mombasa, ambayo mwaka 1936 yalipelekwa London kama hoja, sasa yangeweza kumponza mjukuu wake. Weitzberg, katika utafiti aliouchapisha mwaka 2017, ameonyesha jinsi suala hili la kuwa wa mahali zaidi ya pamoja lilivyoandama vizazi.

Kwa mtafiti wa fasihi simulizi, lipo jambo la kiutaratibu ambalo mikusanyo mingi hulisahau. Simulizi ya kuwasili inayorekodiwa Isiolo iandikiwe tarehe yake na jina la ofisi ambayo msimulizi alikuwa akiikabili wakati huo, kwa kuwa mahali inapoanzia, Aden, Kismayu au Isiolo kwenyewe, huteuliwa kwa kumwangalia anayesikiliza. Pale ambapo msimulizi anaanza na ng'ombe na kuiacha meli kabisa, kimya hicho nacho kinukuliwe.