Uongo Mdogo Uliomtoa Mwandishi Mkubwa

Mwaka 1958 pale Makerere, Kampala, kwenye Idara ya Kiingereza, lilianza jarida dogo la hadithi na mashairi ya wanafunzi. Jina lake Penpoint.

Kulikuwa na kijana mmoja mgeni chuoni, katokea Limuru, Kenya. Alilitamani hilo jarida balaa. Siku moja akamsimamisha mwanafunzi aliyemtangulia, mmoja wa waliokuwa wakilishughulikia, akamwambia ameandika hadithi, anaomba aipitie. Kumbe hajaandika hata mstari! Yule kaka akakubali kuisoma. Sasa dogo afanyeje? Ikabidi akae chini aandike kweli. Mwaka 1960 hadithi ikatoka.

Dogo huyo alikuwa James Ngugi, ambaye dunia ilikuja kumjua kama Ngũgĩ wa Thiong'o. Mwaka 1964 riwaya yake Weep Not, Child ikachapwa London.

Penpoint lilikuwa jarida la chuo tu. Ila lilikuwa na mtu wa kusema, "Lete nisome." Vijana wenye madaftari yao Kalenga, au pale Chuo cha Mkwawa Iringa, nani anawaambia hivyo leo?