Kadi kuukuu ya michoro: Kipi kipunguzwe, kipi kiachwe katika michezo ya tarakilishi

KATIKA Bura, chini ya Milima ya Taita, na katika vituo vingine vya barabara itokayo Voi kupitia Mwatate hadi Taveta, tarakilishi ya mezani ikionekana nyumbani au dukani aghalabu huwa ni ya mtumba. (Bura hii isichanganywe na ile ya Tana River, yenye mradi mkubwa wa kunyunyizia mashamba maji.)

Nyingi ni Dell OptiPlex au HP EliteDesk, mashine zilizohudumu katika ofisi za ng'ambo kwa miaka kadhaa kabla ya kuuzwa tena. Mchana hutumiwa kuwajazia wateja fomu za iTax na eCitizen, kuombea mikopo ya HELB na kuchapa barua. Jioni, mwenye duka akishafunga mlango, vijana wa nyumba hiyo huketi kucheza kandanda, Grand Theft Auto au kuendesha malori ya Euro Truck Simulator 2.

Hapo ndipo malalamiko huanza. Picha hukwamakwama, gari huruka kutoka upande mmoja wa barabara hadi mwingine, na feni hunguruma kama kinu cha posho. Ushauri anaopewa kijana ni mmoja tu: nunua kadi mpya.

Ushauri huo ni ghali, na mara nyingi si wa lazima. Isitoshe, mashine ile ndiyo inayoleta unga nyumbani. Ikiungua kwa sababu ya mchezo wa usiku, kesho yake hakuna mteja atakayehudumiwa.

Jua ulicho nacho

Kabla ya kubadili lolote, sharti mwenye tarakilishi ajue ni kadi gani iliyomo. Katika Windows, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na herufi R, andika dxdiag, kisha fungua ukurasa wa skrini. Jina la kadi na kiasi cha kumbukumbu yake vitaonekana hapo.

Jina peke yake halitoshi. GeForce GT 730, mathalani, iliuzwa katika sura tatu zenye nguvu tofauti, zote zikiwa na jina moja kwenye boksi. GT 1030 ya mwaka 2017 ilitumia kumbukumbu ya GDDR5. Ile iliyotolewa mwaka 2018 ikapewa DDR4, na kasi ya kupitisha data ikashuka kutoka takriban gigabaiti 48 kwa sekunde hadi chini ya 17. Mnunuzi asiyeuliza swali hilo hulipia jina akapata nusu ya kadi.

Kuna pia udanganyifu mtupu. Kadi kongwe kama GTS 450 ya mwaka 2010 hubadilishwa programu yake ya ndani ili ijitangaze kuwa GTX 1050 Ti. Programu ya bure iitwayo GPU-Z imekuwa ikizitambua nyingi za aina hiyo tangu mwaka 2018, na huandika neno la onyo mbele ya jina. Anayenunua kadi ya mtumba Voi au Mombasa aombe ijaribiwe kwa programu hiyo kabla ya kutoa pesa.

Kisha tazama nyuma ya mashine. Waya wa skrini unapaswa kuchomekwa kwenye kadi yenyewe, wala si kwenye tundu la bodi kuu. Kosa hili ni la kawaida kuliko inavyodhaniwa, na anayelifanya huwa anachezea chipu dogo la prosesa huku kadi aliyoilipia imelala.

Draiva nazo zina umri wake. NVIDIA iliacha kuziboreshea kadi za kizazi cha Kepler draiva za michezo mwaka 2021, na mwaka huo huo AMD ikaacha kadi zake za HD 7000 na za R9 200. Zamu ya Maxwell na Pascal, wakiwemo GTX 750 Ti na GTX 1050 Ti, ilifika Oktoba 2025. Tangu hapo kadi hizo hupata marekebisho ya usalama pekee. Kadi haikufa kwa hilo. Weka draiva ya mwisho iliyotolewa kwa ajili yake, uichukue kwenye tovuti ya kampuni yenyewe, na uepuke programu zinazojinadi kuwa zitakutafutia draiva.

Ni kadi au ni prosesa?

Mchezo ni mfululizo wa picha, kila moja ikiitwa fremu. Fremu 30 kwa sekunde huipa mashine takriban milisekunde 33 za kuchora kila picha. Fremu 60 huipa 17 tu. Chini ya 30, jicho huanza kuona mkwamo. Kwa kadi kuukuu, 30 zisizotetereka ni bora kuliko 50 zinazoporomoka hadi 18 kila adui atokeapo.

Programu ya Steam ina kihesabu cha fremu kinachowashwa katika mipangilio yake. Kiwashe, kisha uchague sehemu moja ya mchezo yenye shughuli nyingi, kama vile katikati ya mji, na uirudie sehemu hiyo hiyo kila unapobadili jambo. Badilisha jambo moja kwa wakati mmoja. Wanaobadili kumi kwa pamoja hawajui lililowasaidia.

Jaribio la kwanza ndilo lenye manufaa kuliko yote. Teremsha idadi ya pikseli za picha hadi kiwango cha chini kabisa, hata picha iwe mbaya, kisha tazama kihesabu. Fremu zikiongezeka sana, mzigo ulikuwa kwa kadi, na makala haya yatakufaa. Zikibaki pale pale, anayelemewa ni prosesa, na kupunguza vivuli usiku kucha hakutasaidia. Punguza basi umbali wa kuona, idadi ya watu na magari barabarani, na ufunge programu nyingine, hasa kivinjari chenye kurasa ishirini za wateja wa mchana.

Mahali pa kupunguza

Ikiwa mzigo ni wa kadi, hesabu ya pikseli hueleza mengi. Skrini ya 1920 kwa 1080 ina pikseli 2,073,600. Ile ya 1600 kwa 900 ina 1,440,000, na ya 1280 kwa 720 ina 921,600, yaani chini ya nusu ya ile ya kwanza. Hakuna kipengele kingine kinachoipunguzia kadi kazi kwa kiwango hicho kwa mbofyo mmoja.

Ubaya wake ni kwamba maandishi na ramani hufifia. Michezo mingi ya kuanzia miaka ya 2010 ina njia ya katikati: kipimo cha asilimia kinachopunguza pikseli za mandhari tu na kuacha maandishi yakiwa safi. Katika Euro Truck Simulator 2 kipimo hicho huanzia asilimia 50 hadi 400, na wapo wanaokipandisha mno bila kujua kwamba wanailazimisha kadi kuchora pikseli nyingi kuliko zile za skrini yenyewe. Katika michezo yenye FSR, teknolojia ambayo AMD iliitoa mwaka 2021, toleo lake la kwanza hufanya kazi hata kwenye kadi za NVIDIA zisizo mpya. DLSS ya NVIDIA haitafaa hapa. Huhitaji kadi za RTX.

Baada ya pikseli, vivuli. Ili kuchora kivuli, kadi hulazimika kuitazama mandhari mara ya pili, safari hii kutoka upande wa jua, ndipo ijue kipi kimefunikwa na kipi hakijafunikwa. Kutoa vivuli kutoka kiwango cha juu hadi cha wastani huleta nafuu kubwa. Kuviondoa kabisa hakupendezi: magari huonekana yakielea hewani.

Vioo na maji hufuata. Katika mchezo wa malori, kila kioo cha pembeni ni mandhari nyingine inayochorwa upya, kwa hivyo ubora wa vioo ukishushwa dereva hapotezi chochote ila ung'avu wa magari yanayomfuata. Katika GTA V, iliyofika kwenye tarakilishi Aprili 2015, nyasi ndizo mwizi mkuu. Mjini Los Santos hutaona tofauti. Toka uende mashambani na kadi itaanza kutweta. Ziweke kiwango cha chini kabisa.

Ulaini wa kingo wa aina ya MSAA ni ghali kwa kadi ya zamani, kwa kuwa kila ukingo huchunguzwa mara mbili, nne au nane. Uzime, uwashe FXAA, ambayo huipaka tu picha iliyokwisha kuchorwa na haili kitu. Ukungu wa mwendo na ule wa kufifisha mandhari ya nyuma, binafsi naona vizimwe hata na mwenye kadi mpya.

Sasa yale ya kuachwa. Wengi hukimbilia kushusha tekscha, yaani picha zinazofunika nyuso za kuta, nguo na barabara, kwa sababu ndizo zinazoonekana "nzito". Tekscha haziigharimu kadi kasi kubwa maadamu zinaenea katika kumbukumbu yake. Zikizidi, data huanza kusafirishwa kutoka kumbukumbu kuu ya tarakilishi, ambayo iko mbali, na hapo ndipo mchezo husimama kwa nusu sekunde kila unapogeuka. Dawa ni kupanda hatua kwa hatua hadi karibu na ukomo. GTA V husaidia kwa kuonyesha, juu ya mipangilio, mstari wa kumbukumbu inayotumika na iliyopo. Usiuache ukafika wekundu. Mwenye gigabaiti moja atosheke na tekscha za kawaida, mwenye nne aziweke juu bila wasiwasi.

Uchujaji wa tekscha kwa pembe, ule unaofanya mistari ya barabara isififie mbele, nao uachwe. Hata kadi za miaka ya 2010 huumudu kwa mara nane au kumi na sita.

Kipengele kiitwacho V-Sync kinahitaji tahadhari. Huzuia picha isikatike katikati kwa kusubiri skrini, lakini katika michezo mingi kadi ikishindwa kutimiza fremu 60 hutupwa moja kwa moja hadi 30. Anayepata 45 au 50 akizime, aweke ukomo wa fremu kupitia mchezo au draiva.

Kwa wapenzi wa kandanda, PES 2013 ina programu yake ya mipangilio iliyo nje ya mchezo wenyewe, na ni huko ambako pikseli na ubora hubadilishwa. Kijana anayetafuta mambo hayo ndani ya mchezo atatafuta hadi asubuhi.

Wasio na kadi kabisa

Mashine nyingi za ofisi hazina kadi ya pekee. Huchora kwa chipu lililo ndani ya prosesa, kama Intel HD 4600 ya mwaka 2013. Chipu hilo halina kumbukumbu yake, bali hukopa ile ya tarakilishi. Mara nyingi mashine huuzwa ikiwa na kijiti kimoja cha kumbukumbu, na njia moja kati ya mbili hubaki wazi. Kuongeza kijiti cha pili kinacholingana na cha kwanza huifungua njia hiyo, na mara nyingi huleta faida ya wazi kuliko kitufe chochote katika mipangilio.

Anayekata shauri kuongeza kadi apime kwanza sanduku. OptiPlex nyembamba, kama 7010 ya umbo hilo, ina kifaa cha umeme cha wati 240 na nafasi ya kadi fupi tu. Tundu la kadi hutoa wati 75 na si zaidi. Kadi isiyohitaji waya wa ziada, kama vile GTX 1050 Ti ya umbo fupi, itaingia. Ile kubwa inayosifiwa na marafiki wa Nairobi haitaingia, na ikilazimishwa, kifaa cha umeme ndicho kitakachotangulia kufa.

Joto, vumbi na stima

Nyanda za Voi ni za joto, na vumbi jekundu la Tsavo haliachi tundu. Kadi za GTX za kizazi cha Pascal hulenga nyuzi 83 za selsiasi; zikifika hapo hujipunguzia kasi zenyewe. Mchezo ulioanza vizuri na kuzorota baada ya dakika ishirini hauna tatizo la mipangilio. Una tatizo la hewa.

Zima mashine, chomoa waya, fungua sanduku na upulize vumbi, ukiishika feni isizunguke. Kadi yenye miaka kumi huenda pia ikahitaji kupakwa upya dawa ya kupitishia joto kati ya chipu na chuma cha kupoozea. Sanduku lisiwekwe sakafuni wala lisisukumwe ukutani.

Ukomo wa fremu uliotajwa hapo juu una faida nyingine hapa. Kadi iliyofungiwa fremu 30 au 40 hupumzika kati ya picha moja na nyingine, hupoa, na hula stima kidogo. Kwa mwenye kununua tokeni, hilo si jambo dogo. Stima inapokatika na kurudi kwa kishindo, kifaa cha kulinda umeme kitaokoa zaidi ya mchezo.

Ipo michezo ambayo hakuna kushusha kutakakoifungua. Indiana Jones and the Great Circle, uliotoka Desemba 2024, huhitaji kadi iliyoundwa kufuatilia miale ya mwanga, na DOOM: The Dark Ages wa mwaka 2025 vilevile. Soma masharti ya chini kabla ya kununua au kumaliza bando ukiupakua. GTA V ya awali, kwa upande wake, iliorodhesha 9800 GT, kadi ya mwaka 2008, kuwa kiwango chake cha chini.