Bibi, bwana na parke: historia ya mashtaka ya ndoa Bukavu

Ndoa ikivunjika Bukavu, mashariki mwa Kongo, mara nyingi jinai huitangulia talaka. Mke akihamisha vyombo kwa wazazi wake, mume huandika wizi. Mume akichukua fedha za biashara waliyoijenga pamoja, mke huandika kuvunja uaminifu. Faili likifika parke, yaani ofisi ya mwendesha mashtaka, mmoja wao anaweza kulala mahabusu kabla hakimu yeyote hajauliza mali hiyo ni ya nani.

Hali haikuwa hivyo tangu mwanzo. Katika himaya za Kabare na Ngweshe, mahari ya Bashi, wenyeji wa huko, ilikuwa ng'ombe, na ugomvi wa ndoa ulikuwa shauri la koo mbili: wazee walikaa, wakasikiliza, wakatoza fidia. Amri ya Wabelgiji ya 15 Aprili 1926 ilizitambua mahakama za kienyeji za aina hiyo. Lakini mji, ulioitwa Costermansville hadi miaka ya 1950, uliwavuta watu kwenye mitaa ya Kadutu na baadaye Bagira, mbali na mwami, yaani mtawala wa jadi, na mbali na wakwe. Huko dola liliingia ndani ya nyumba. Amri ya 4 Aprili 1950 ilipiga vita ndoa za wake wengi, na ugoni ukawa jambo la gereza.

Sheria ya Familia ya Kongo ya 1 Agosti 1987 iliendeleza njia hiyo, tena kwa dhuluma ya wazi. Mke aliadhibiwa kwa ugoni wowote. Mume aliadhibiwa tu pale tendo lake lilipoambatana na mazingira yanayolifanya kuwa tusi zito kwa mkewe. Kwa hiyo mashtaka ya ugoni yalikuwa fimbo mikononi mwa wanaume kwa karibu miaka 30. Marekebisho ya 15 Julai 2016 yaliwasawazisha: miezi 6 hadi mwaka 1, kwa mume na kwa mke. Usawa huo ni haki, ila sasa fimbo wanayo wawili.

Kinga ipo, na ni ya zamani. Bila malalamiko ya mwenzi aliyekosewa, hakuna kesi ya ugoni. Mwendesha mashtaka anaweza kufunga faili lisilo na ushahidi. Mlalamikaji akimruka na kumwita mwenzake moja kwa moja mbele ya mahakama, Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya 6 Agosti 1959 inamruhusu mshtakiwa kudai fidia papo hapo kwa kesi ya kusumbua. Na Sheria ya Adhabu ya 1940 inamtisha kwa kifungo cha hadi miaka 5 yule anayemsingizia mtu kwa nia mbaya mbele ya wenye mamlaka. Katiba nayo imeweka kikomo cha saa 48 za kushikiliwa na polisi. Tatizo ni kwamba kinga hizi hufika zimechelewa: mtu huachiliwa akiwa tayari amepoteza kazi na jina, na gereza kuu la Bukavu, lililojengwa kwa watu 500, kwa miaka mingi lilibeba zaidi ya mara mbili ya hao.

Hapa lazima tuwe waangalifu sana. Katika mji wa hospitali ya Panzi, inayotibu wanawake waliobakwa, hakuna anayeweza kusema kwamba kila mke anayelalamika anasumbua. Kipigo si ugomvi wa vyombo. Hakimu anayefuta shauri la kipigo kwa kuliita mambo ya nyumbani anakosea zaidi kuliko anayechelewa kufuta shauri la sufuria.

Tangu Februari 2025, mji ulipoingia mikononi mwa waasi wa M23, mahakama za serikali zimevurugika na mabaraza ya mitaa yamebebeshwa mzigo mkubwa zaidi. Wazee wa mabaraza, na mahakimu watakaporudi, tunawaomba hivi: madai ya mali na wivu yapelekeni kwenye usuluhishi, ambao mahakama ya amani inatakiwa kuujaribu kabla ya talaka. Mwenye majeraha apelekwe hospitali kwanza, na faili lake lisifungwe.