WAGANGA WASIO NA MAJINA: Historia ya vifaa vya kichawi vya Minecraft, na nani hasa aliyelipia bei yake

Jiwe dogo jekundu. Ukiwa nalo ndani ya gemu, vipande 8 vya chuma vinageuka dhahabu 1. Dhahabu 4 zinageuka almasi 1. Hakuna kuchimba, hakuna kuingia mapangoni na mienge, hakuna kukimbizana na mizimwi ya usiku. Jiwe tu.

Jiwe hilo halikutengenezwa na Mojang, kampuni ya Stockholm, Sweden, yenye Minecraft. Lilitengenezwa na mtu mmoja kwenye kompyuta yake, akaliweka mtandaoni bure, na mpaka leo wengi waliolitumia wanamjua kwa jina la mtandaoni tu. Sura yake hawaijui. Wengine hata hilo jina la mtandaoni wameshalisahau, lakini jiwe wanalikumbuka vizuri sana.

Ndivyo ilivyo kwa karibu vifaa vyote vya kichawi vilivyowahi kuingizwa kwenye gemu hili. Kifaa kikawa maarufu, aliyekiunda akabaki gizani.

DUNIA ISIYO NA UCHAWI

Minecraft ilianza kuonekana hadharani Mei 2009. Ni gemu la dunia ya matofali ambalo halikupangii cha kufanya. Unataka kujenga nyumba, jenga. Unataka kuchimba mpaka chini kabisa, chimba. Ila kwa muda mrefu kifaa kikubwa ulichoweza kukishika kilikuwa upanga wa almasi, na upanga ni upanga. Meza ya kutia nguvu za kichawi kwenye silaha, pamoja na dawa za kuchemsha, vilikuja na toleo rasmi la 1.0 la tarehe 18 Novemba 2011.

Watu hawakusubiri. Minecraft imeandikwa kwa lugha ya Java, na wajuzi walikuwa wameshapata njia ya kuifungua na kusoma kilichomo ndani. Hapo ndipo zikazaliwa modi, yaani nyongeza zinazotengenezwa na wachezaji wenyewe na kupachikwa kwenye gemu.

Kuziweka enzi hizo ilikuwa shughuli pevu. Ulifungua faili kuu la gemu, ukamwaga mafaili ya modi humo ndani, halafu ukafuta folda inayoitwa META-INF. Ukisahau kuifuta, gemu haliwaki. Na kila kitu ndani ya gemu kilikuwa na namba yake. Modi mbili zikitumia namba moja, moja iliona pete ya kuruka, nyingine iliona bomba la maji, na gemu zima likaanguka. Kijana aliyetaka uchawi ilibidi kwanza awe fundi.

JIWE LILILOUA HAMU

Modi ya lile jiwe inaitwa Equivalent Exchange, na ilikuwepo hata kabla ya toleo la 1.0. Wazo lake ni mabadilishano ya thamani sawa, wazo ambalo vijana wengi walilijua kupitia manga ya Kijapani Fullmetal Alchemist: huwezi kupata kitu bila kutoa kitu cha thamani ileile.

Kwenye toleo lake la pili, kila kitu kilipewa thamani kwa namba. Jiwe la kawaida 1. Chuma 256. Dhahabu 2,048. Almasi 8,192. Ni bei za sokoni, na wewe ndiye muuzaji na mnunuzi.

Kwenye karatasi ni haki tupu. Tatizo likaja na mashine. Kulikuwa na kifaa kinachokusanya mwanga wa jua na kuugeuza thamani, na sanduku linaloipokea hiyo thamani na kukutolea kitu chochote ulichokichagua. Unaweka almasi moja kama mfano, unaenda kulala, ukiamka sanduku limejaa almasi. Jua halitumi bili.

Halafu kukawa na pete ya kukurusha angani, na zana nyekundu zilizofyeka eneo kubwa la miti kwa mpigo mmoja. Kifurushi maarufu cha modi, Tekkit, kiliibeba modi hiyo na kuipeleka kwenye seva za wachezaji wengi. Huko ikawa balaa. Mchezaji mmoja aliweza kugeuza mji wa wenzake uliojengwa kwa wiki nzima kuwa shimo, na seva nyingi zikaanza kupiga marufuku vifaa vyake kimoja baada ya kingine.

Lakini uharibifu ulikuwa na sura nyingine ya kimyakimya. Mtu akishapata kila kitu, alikaa kwenye ngome yake ya almasi akijiuliza afanye nini sasa. Wengi walifunga gemu wakaondoka.

Hilo likawa fundisho kwa waganga wote waliofuata. Kuunda kifaa chenye nguvu ni rahisi. Swali gumu ni hili: mwenye nguvu alipe nini?

UJUZI UNAOTIA WAZIMU

Jibu la kwanza lililobamba lilitoka Thaumcraft. Aliyeiunda hakutaka mtu apewe uchawi mkononi, alitaka ausomee. Unaanza na kitabu na lenzi ya kupimia. Unakwenda porini unapima kila kitu, mti, jiwe, ng'ombe, moto, na kila kimoja kinakuonyesha asili zilizomo ndani yake. Asili za msingi ni 6 na zina majina ya Kilatini: aer, terra, ignis, aqua, ordo na perditio. Hewa, ardhi, moto, maji, mpangilio na uharibifu. Kwenye toleo la nne, ili ufungue ujuzi mpya ilibidi uziunganishe asili hizo mezani kama fumbo.

Fimbo ya kichawi nayo unaitengeneza mwenyewe, unachagua mti wake na vifuniko vya ncha zake. Kuna viatu vya msafiri vya kukukimbiza na kukurusha juu. Kuna vijisanamu unavyovipa uhai vikakufanyia kazi za nyumbani.

Sasa sikia bei yake. Uchawi ukivurugika, uchafu wa zambarau ulisambaa ardhini na kuua mazingira, wakati mwingine mpaka mlangoni kwako. Na ukisoma mambo ya siri yaliyokatazwa, akili yako ndiyo iliyoanza kuharibika. Unaona viumbe ambavyo havipo. Unasikia sauti. Kulikuwa na sabuni maalumu ya kujisafisha, lakini sehemu nyingine ya madhara haikutoka hata ungeoga vipi.

Wachezaji walilalamika, tena sana. Lakini walibaki. Kilichokuwa kinawarudisha ni hofu ileile iliyokosekana kwenye jiwe jekundu.

DAMU YA NANI?

Blood Magic ikalijibu swali kwa ukatili zaidi: lipa kwa damu yako. Unajenga madhabahu, unasimama karibu, unajichoma kisu. Mioyo inayoonyesha uhai wako inapungua, madhabahu inajaa. Hirizi unazotengeneza zinafungwa kwa jina lako, na zote zinakula kwenye akiba moja ya damu. Akiba ikiisha na wewe bado unatumia, hirizi inajilipa kutoka kwenye uhai wako moja kwa moja. Watu walikufa wakiwa juu angani kwa kusahau kuangalia akiba.

Ila binadamu ni binadamu. Ndani ya modi hiyo kulikuwa na tambiko linaloumiza viumbe vilivyo karibu na kupeleka damu yao madhabahuni. Wachezaji wakagundua haraka kwamba wanakijiji wa Minecraft, wale wenye pua ndefu wasiodhuru mtu, wanafaa kufungiwa hapo. Likawa jambo la kawaida kabisa: nyumba nzuri juu, wanakijiji chini wakitolewa damu usiku na mchana ili mwenye nyumba aruke.

Hakuna aliyewalazimisha. Walipewa bei, wakatafuta mtu mwingine wa kuilipa.

MAUA YANAYOKULA KEKI

Botania ilikuja mwaka 2014 na staili tofauti kabisa. Hakuna damu wala wazimu. Kuna maua. Maua yanazalisha nguvu, nguvu inakwenda kwenye bwawa dogo, na bwawa ndilo linalolipia vifaa vyako: upanga unaorusha miale, pete, fimbo, na taji linalokuotesha mbawa.

Mwanzoni wachezaji wakafanya kilekile walichofanya na jiwe jekundu. Kulikuwa na ua linalotumia mwanga wa jua tu, basi watu wakapanda mashamba yake mazima wakakaa kusubiri. Muundaji akaliona hilo akalikata: maua ya aina hiyo yakawekewa muda wa kuishi, siku 3 za ndani ya gemu, ambazo ni kama saa moja ya kawaida, kisha yanakauka.

Kelele zikapigwa. Lakini angalia alichokiweka badala yake. Ua moja linachoma makaa. Lingine linakunywa lava. Lingine linakula chakula. Lingine linakula keki, keki kabisa ile ya kuoka. Na kuna linalomeza mlipuko wa baruti. Ukitaka nguvu nyingi, buni shamba la kuoka keki bila kugusa, au mtambo wa kulipua baruti bila kuteketeza nyumba. Bei yake ni akili na jasho, na hakuna mwanakijiji wa kumsukumia.

Ndiyo sababu mpaka leo ukitaja Botania mbele ya mchezaji wa zamani, hatakuelezea taji. Atakuelezea shamba lake.

MGANGA HAJIGANGI

Sasa geuza swali upande wa pili. Mchezaji alilipa kwa chuma, kwa akili, kwa damu, kwa jasho. Waliotengeneza vyote hivyo walilipwa nini?

Masharti ya Minecraft hayaruhusu kuuza modi. Kwa hiyo waundaji wengi waliishi kwa linki zenye matangazo, zile unazosubiri sekunde kadhaa kabla ya kupakua faili, na kwa michango ya hiari. Baadaye tovuti kama CurseForge zikaanza kuwagawia sehemu ya mapato kwa njia ya pointi. Wapo waliofaidika. Lakini kwa wengi ilikuwa kazi ya usiku, baada ya shule au kibarua, na malipo makubwa yalikuwa ni watu kuuliza "toleo jipya lini?"

Na toleo jipya halikuwa jambo dogo. Mojang ikibadilisha gemu kwa ndani, modi inakufa mpaka iandikwe upya. Toleo la 1.8 lilibadilisha namna vitu vinavyochorwa, ndiyo maana watu walibaki kwenye 1.7.10 kwa miaka. Toleo la 1.13, mwaka 2018, likavunja tena mambo mengi, na wengine wakabaki 1.12.2. Kila mara hivyo, mtu mmoja alitakiwa akae chini aandike upya mamia ya vifaa, bure, huku akitukanwa kwamba anachelewa.

Wengine walichoka wakaondoka. Hapo ndipo ikajulikana kwamba hatima ya kifaa cha kichawi inategemea karatasi isiyosomwa na mtu: leseni. Botania msimbo wake uliwekwa wazi, watu wengine wakaingia kusaidia, na maua yakavuka kwenda matoleo mapya. Equivalent Exchange 2 iliachwa nyuma kwenye 1.2.5, na jiwe jekundu lilirudi kwa sababu wengine walikaa wakaiandika yote upya kutoka sifuri kwa jina la ProjectE. Thaumcraft ilifika toleo la sita kwenye 1.12.2, na msimbo wake ulikuwa wa mwenyewe peke yake. Gemu likasonga mbele, fimbo zikabaki nyuma. Wanaozitaka wanarudi kuicheza Minecraft ya zamani kama mtu anayerudi kijijini kwa bibi.

Nafasi haikubaki wazi. Modi mpya kama Ars Nouveau zinakuruhusu kuunganisha alama na kutunga uchawi wako mwenyewe. Na kwa wanaocheza kwenye simu, toleo la kawaida la simu halipokei modi za Java, ingawa wapo wanaotumia programu kama PojavLauncher kuiwasha Java kwenye Android na kuonja haya mambo.

Lakini kila kizazi kipya cha waganga kinarithi deni la wale wa kwanza. Kwamba nguvu ya bure inaua hamu, kwamba bei ikiwekwa vibaya watu watamlipisha asiye na hatia, na kwamba bei nzuri ni ile inayomfanya mtu abuni kitu. Hayo yalifundishwa na watu ambao wachezaji wengi wanawajua kwa majina ya mtandaoni tu.

Jiwe jekundu lilisema huwezi kupata kitu bila kutoa cha thamani ileile. Mamilioni ya vijana walipewa dunia nzima za kuchezea. Kwa hesabu hiyohiyo, waliozitoa bado wanadai.

Wewe ulianza na modi gani ya uchawi? Na kama aliyeiunda angesoma hapa leo, ungemwambia nini? Tiririka kwenye komenti hapo chini.