Joe Shishido: mtu aliyenunua mashavu

Wasomi wenzangu, kuna swali linatusumbua sisi wote wenye diploma mkononi: mtu afanye nini ili aonekane? Joe Shishido, mwigizaji wa Japani, alilijibu kwa kisu cha daktari.

Alizaliwa Osaka mwaka wa 1933. Mwaka wa 1954 kampuni ya Nikkatsu ilianza tena kutengeneza filamu kisha vita, ikatafuta sura mpya. Shishido akachaguliwa. Alikuwa kijana mwenye sura nzuri, lakini wazuri walikuwa wengi! Akabaki kupewa sehemu ndogondogo. Mwaka wa 1957 akaenda kujazwa mashavu. Akatoka amevimba kama mtu anayeumwa meno.

Kazi ikapatikana, ila ya adui, si ya shujaa. Yeye ndiye aliyekuja na bastola na kicheko kumsumbua Akira Kobayashi, yule shujaa mwenye kutembea na gitaa. Kumbe watu wakaanza kumpenda huyo mbaya.

Hapo mwaka wa 1961 ukafika. Yujiro Ishihara, nyota mkubwa wa Nikkatsu, akavunjika mguu akiteleza kwenye theluji. Kisha Keiichiro Akagi, kijana wa miaka 21, akafa kwa ajali ya kigari kidogo cha mashindano ndani ya uwanja wa studio. Mashujaa walipungua, na Shishido alikuwa tayari.

Mwaka wa 1967, katika filamu *Koroshi no rakuin* ya Seijun Suzuki, alicheza muuaji wa namba 3, mwenye kupenda sana harufu ya wali unaoiva. Patron wa Nikkatsu akasema haieleweke. Mwaka wa 1968 Suzuki akafukuzwa, akaenda kushtaki. Leo filamu hiyo inaheshimiwa duniani. Nikkatsu yenyewe, mwaka wa 1971, iliacha bastola ikahamia filamu za utupu. Shishido akaendelea kwingine, hata kwa kampuni shindani ya Toei. Mashavu aliyatoa mwaka wa 2001. Alikufa mwaka wa 2020, na miaka 86.

Tusijidanganye: mlango wake ulifunguliwa na ajali za wenzake, na hiyo si haki. Mashavu yalimfanya aonekane tu. Lakini bila ile miaka ya kucheza adui, na kuicheza vizuri, mlango ungefunguka, yeye angekosa la kufanya ndani.

Ninyi munasemaje?