Mizani ya Akili: Habari za Mtihani wa Sayansi

Mtihani ni mizani. Mwenye duka hupima sukari kwa mizani yake, na mwalimu hupima maarifa ya wanafunzi wake kwa maswali. Lakini sukari huonekana kwa macho, na maarifa hayaonekani. Mwenye kupunja sukari hugunduliwa upesi na wanunuzi, hali mwenye kupima akili aweza kukosea kwa miaka mingi pasipo mtu kumshitaki. Nataka kukusimulia, msomaji wangu, namna watu walivyojaribu kuirekebisha mizani hiyo katika somo la sayansi. Habari hizi si za kale tu, wala si za walimu peke yao. Zakuhusu wewe, maana wewe ndiwe upimwaye.

Yafaa kwanza tujue ni kitu gani kinachopimwa. Fikiri swali hili: "Uvukizaji ni nini?" Mwanafunzi aliyehifadhi daftari lake atajibu bila kusita kwamba uvukizaji ni kugeuka kwa maji kuwa mvuke, naye atapata alama zake. Sasa fikiri swali la pili: "Maji yaliyomo katika mtungi wa udongo uliowekwa kivulini huwa baridi kuliko maji yaliyomo katika chupa ya plastiki iliyozibwa. Kwa nini? Tena, mtungi huo ungepoza maji zaidi Garissa wakati wa kiangazi, au Mombasa wakati wa masika?"

Swali hili la pili halijibiwi kwa kuhifadhi. Mwenye kulijibu hana budi kukumbuka kwamba udongo wa mtungi una vinyweleo vidogo, kwamba maji hupenya humo mpaka nje, kwamba yakivukiza huchukua joto la mtungi na la maji yaliyobaki, na kwamba hewa kavu hupokea mvuke upesi kuliko hewa iliyojaa unyevu. Akiisha kuyaunganisha hayo yote, atasema Garissa. Angalia pia kwamba mtoto aliyekulia penye mtungi anajua tangu utotoni kuwa mtungi hupoza maji, lakini kujua kuwa jambo huwa si sawa na kujua kwa nini huwa. Maswali yote mawili ni ya uvukizaji, lakini la kwanza linapima kumbukumbu, na la pili linapima ufahamu.

Tofauti hiyo ilizua ugomvi mkubwa katika mji wa Boston, Marekani, mwaka wa 1845. Kabla ya mwaka huo kamati ya shule ilikuwa ikizuru madarasa na kuwauliza wanafunzi kwa mdomo. Mtoto mmoja alisimama akajibu swali moja, mwingine akajibu jingine, wageni wakapiga makofi wakaenda zao. Horace Mann, aliyekuwa katibu wa elimu wa jimbo la Massachusetts, alikuwa ameanza kuwa na shaka juu ya sifa za shule hizo, na walimu wakuu wa mji walikuwa wamemjibu kwa maandishi makali. Rafiki yake, Samuel Gridley Howe, aliingia katika kamati ya shule. Yeye na wenzake wakafanya jambo ambalo halikuwa desturi huko: walipiga chapa maswali, wakawapa wanafunzi wapatao 530 maswali yale yale, wayajibu kwa kalamu katika muda wa saa moja kwa kila somo. Miongoni mwa masomo hayo ilikuwamo elimu ya nguvu na mwendo wa vitu, ambayo leo twaiita fizikia, na elimu ya nyota.

Matokeo yaliwafedhehesha watu wengi. Wanafunzi waliosifiwa kwa ulimi mwepesi walishindwa na maswali yaliyotaka maelezo. Kamati ilieleza kwamba watoto walikuwa wamefundishwa maneno ya kitabu pasipo kufundishwa maana yake. Walimu nao walilalamika kwamba mtihani ule ulikusudiwa kuwaaibisha, wala malalamiko yao hayakukosa ukweli, kwa kuwa Mann na Howe walikuwa na ugomvi nao tangu zamani. Basi jifunze hapa mambo mawili. Mtihani ulioandikwa na kutolewa sawasawa kwa wote ulifunua udhaifu uliofichwa na makofi ya wageni. Lakini tangu siku ile ya kwanza mizani hiyo ilishikwa na mikono ya watu wenye nia zao.

Katika nchi zetu za Afrika ya Mashariki mitihani mikubwa ya sekondari ilitungwa ng'ambo kwa muda mrefu. Mwanafunzi wa Kenya aliyefika Kidato cha Nne alitahiniwa na Cambridge, na mtu aliyetunga swali la sayansi huenda hakuwahi kuona mtungi wala kuchota maji mtoni. Mwaka wa 1967 liliundwa Baraza la Mitihani la Afrika ya Mashariki, ili mitihani ipate kutungwa karibu na watahiniwa. Mwaka wa 1980 Kenya ikaanzisha Baraza lake la Taifa la Mitihani. Kuhamisha ofisi, hata hivyo, ni kazi nyepesi kuliko kubadili maswali. Swali la kukariri lililotungwa Nairobi ni swali la kukariri vilevile.

Kazi hiyo nzito ilianza kufanywa hapa Kenya katika miaka ya 1970. Wakati huo watoto walipomaliza Darasa la Saba walifanya mtihani ulioitwa CPE. Maelfu kwa maelfu waliufanya, na nafasi katika shule za sekondari za serikali zilikuwa chache sana. Mtoto aliyekosa alama chache aliweza kurudi nyumbani asione tena mlango wa darasa. Mwaka wa 1972 ujumbe wa Shirika la Kazi la Kimataifa ulitoa taarifa kubwa juu ya kazi na mapato nchini Kenya, na mitihani ya shule ilikuwa miongoni mwa mambo uliyoyakosoa. Baadaye mtafiti H. C. A. Somerset na wenzake katika Wizara ya Elimu waliyachunguza majibu ya watahiniwa swali kwa swali. Maswali mengi yaliyohitaji kumbukumbu tu yakapunguzwa, na mahali pake pakawekwa maswali yaliyomtaka mtoto afikiri juu ya mambo ya mazingira yake, kama vile afya, ukulima, maji na moto.

Jambo la busara zaidi ni kwamba hawakuishia hapo. Shule zilipelekewa barua ndefu za kueleza ni maswali gani yaliyowashinda wengi, ni jibu gani la makosa lililochaguliwa sana, na kosa hilo lilionyesha kutoelewa gani. Msomaji, zingatia faida ya jambo hilo. Jibu la makosa aghalabu hutupwa kama takataka, lakini kwa mwalimu mwerevu ni dirisha la kuchungulia mawazo ya mtoto. Watengenezaji wa mtihani ule walifahamu pia kwamba mwalimu hufundisha kile kitakachoulizwa. Ukiuliza maneno, madarasa ya nchi nzima yatakariri maneno; ukiuliza sababu, yatajifunza kutafuta sababu. Mageuzi hayo hayakuondoa tofauti zote baina ya wilaya tajiri na wilaya maskini, kwa maana mtihani haujengi madarasa wala haununui vitabu. Lakini yaligeuza uso wa mafundisho.

Sasa niruhusu nikuvushe mpaka wa kusini, hata milima ya Usambara, maana huko ilitokea habari ambayo kila mwanafunzi wa sayansi angefaa kuijua. Mwaka wa 1963 Erasto Mpemba alikuwa mwanafunzi wa Kidato cha Tatu katika Shule ya Sekondari ya Magamba, Tanganyika. Wanafunzi wa huko walizoea kutengeneza aisikrimu: walichemsha maziwa, wakachanganya na sukari, wakangoja yapoe, kisha wakayatia katika jokofu. Siku moja nafasi ya jokofu ilikuwa ikigombewa. Mwenzake mmoja alitia maziwa yake bila kuyachemsha. Mpemba, akichelea kukosa nafasi, akatia yake yangali moto. Baada ya saa moja na nusu hivi alikuta maziwa yake yameganda, na ya mwenziwe hayajaganda bado.

Alimwuliza mwalimu wake wa fizikia, akajibiwa kwamba amechanganyikiwa, kwani jambo hilo haliwezekani. Alinyamaza, lakini hakusahau. Alipofika Shule ya Mkwawa, Iringa, kwa masomo ya juu, alifundishwa kanuni ya Newton ya kupoa kwa vitu, akauliza tena. Mara hii aliambiwa kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, si fizikia ya ulimwengu. Na tangu hapo kila alipokosea hesabu wenzake walimcheka kwa maneno ya namna hiyo. Alasiri moja alikuta maabara ya biolojia iko wazi. Alichukua vikombe viwili vya maabara, akatia maji ya bomba katika kimoja na maji ya moto katika kingine, akaviweka katika jokofu. Baada ya saa moja aliona barafu nyingi zaidi katika kile kilichokuwa na maji ya moto.

Kisha Dakta Denis Osborne wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam akaja shuleni kuhutubia. Wanafunzi waliporuhusiwa kuuliza, Mpemba alisimama akauliza swali lake mbele ya wote. Baadhi ya wenzake waliona kwamba amejitia aibu. Mgeni hakucheka. Aliuliza kama kweli alilijaribu jambo hilo, naye akaahidi kulijaribu mwenyewe. Alirudi Dar es Salaam, akaamuru majaribio yafanywe, na mwaka wa 1969 wawili hao waliandika pamoja makala katika gazeti la walimu wa fizikia liitwalo Physics Education. Tangu hapo wataalamu huliita jambo hilo kwa jina la Mpemba. Wanafalsafa wa kale, kama Aristotle, walikuwa wamelitaja, lakini shule zilikuwa zimelisahau. Hata leo wataalamu hawajakubaliana: wengine hulieleza kwa uvukizaji na kwa mizunguko ya maji, na wengine wamepima kwa uangalifu mwingi wasilione kabisa.

Jiulize sasa: mtihani gani ungaliweza kumpima Mpemba? Lau angaliulizwa katika karatasi ni maji gani yatakayoganda kwanza, akajibu kama alivyoona, angalipata sifuri. Ufahamu wake haukuwa katika jibu. Ulikuwa katika kuona kwamba kitabu na jokofu havipatani, na katika kurudia jaribio badala ya kuchagua upande kwa kuogopa kucheka kwa watu. Walimu wake hawakuwa watu wajinga. Walijua kanuni yao barabara. Walichokosa ni subira ya kusema, "Hebu tujaribu."

Wala usidhani kwamba shahada humwokoa mtu na maarifa ya juu juu. Mwaka wa 1987 ilitolewa filamu ambamo watu 23 wa Chuo Kikuu cha Harvard, waliokuwa wakihitimu, waliohitimu zamani, na baadhi ya wahadhiri, waliulizwa mambo mepesi ya elimu ya nyota, kama vile sababu ya majira ya baridi na ya joto. Watu 21 walikosa. Wengi walidhani kwamba joto huja dunia inapolikaribia jua. Lakini dunia hulikaribia jua zaidi mwanzoni mwa Januari, wakati Ulaya na Marekani zinapotetemeka kwa baridi, na huwa mbali nalo zaidi mwanzoni mwa Julai. Sababu ya kweli ni kuinama kwa mhimili wa dunia. Watu hao walifaulu mitihani mingi ya sayansi, na hakuna aliyepata kuwauliza swali ambalo lingefichua dhana waliyotoka nayo utotoni.

Nchini mwetu mizani ingali ikirekebishwa. Mfumo wa 8-4-4 ulioanza mwaka wa 1985 ulileta mtihani wa KCPE mwisho wa Darasa la Nane, nao ulifanywa mara ya mwisho mwaka wa 2023. Januari ya mwaka huo huo wanafunzi wa kwanza wa Gredi ya Saba waliingia katika sekondari ya chini, na mwaka wa 2025 wakafanya mtihani wa KJSEA mwisho wa Gredi ya Tisa. Katika mpango huo mtihani wa mwisho huchukua asilimia 60 ya alama. Asilimia 20 hutoka katika kazi za shuleni za Gredi ya Saba na ya Nane, na asilimia 20 katika mtihani wa Gredi ya Sita. Kusudi lake ni jema: mtoto asipimwe kwa siku chache tu, na mikono yake ipimwe pamoja na kalamu yake. Lakini kazi ya mikono hutaka vyombo, na shule isiyo na maabara haina haki ya kupimwa kama kwamba inayo. Hapo ndipo wenye mamlaka wanapodaiwa.

Sisemi kwamba kuhifadhi ni upuzi. Asiyejua jina la kitu hawezi kukizungumza, wala asiyekumbuka kanuni hawezi kuitumia. Maswali ya kuchagua jibu nayo yana fadhila: husahihishwa upesi, na msahihishaji hawezi kumpendelea mtoto wa rafiki yake. Lakini wahenga walisema kwamba elimu bila amali ni kama nta bila asali, na nta hiyo ndiyo wanayotoka nayo shuleni wengi wanaohifadhi tu.

Kwa hiyo usingoje Baraza likupime. Ukiisha kusoma somo la sayansi, funga kitabu ulieleze kwa maneno yako mwenyewe kwa ndugu yako mdogo. Kisha tafuta mahali nyumbani, shambani au jikoni ambapo jambo hilo hutendeka: mtungini, katika jiko la makaa, katika nguo zilizoanikwa. Mwisho, jiulize ni kitu gani ungekiona kama kanuni hiyo ingekuwa ya uongo. Ukiweza hayo matatu, karatasi ya mtihani haitakutisha. Usipoweza, mwulize mwalimu wako, na akisema kwamba haiwezekani, mwombe kwa adabu mjaribu pamoja.